Walter Murch, mhariri anayekata picha kwa sikio

Katika uzalishaji mdogo wa filamu hapa Dar es Salaam, mtu akijitambulisha kuwa ni mhariri, mtayarishaji humuuliza papo hapo kama atafanya na sauti pia. Jibu huwa ni ndiyo, kwa kuwa bajeti haina nafasi ya mtu wa pili, na hivyo anayekata picha ndiye huyo huyo atakayesafisha mazungumzo, atakayetafuta muziki na atakayeandika majina ya waigizaji mwishoni. Sauti huachiwa siku ya mwisho, usiku, wakati mteja ameshaanza kupiga simu. Ninaishi kwa kazi ya namna hiyo, na ndiyo sababu nimetumia muda mrefu kumfuatilia Walter Murch, Mmarekani ambaye alizifanya kazi zote mbili katika filamu kubwa kabisa za zama zake, tena kwa kupenda mwenyewe, mahali ambapo desturi ilitaka kila kazi iwe na mtu wake. Wanaomsifu huanza kwa kuhesabu: ni mhariri wa picha, mbunifu wa sauti, mchanganya sauti, mwandishi na mwongozaji, ameteuliwa mara tisa kuwania Tuzo ya Oscar na kuinyakua mara tatu. Hesabu hiyo ni sahihi, lakini naiona kama inaficha jambo lenyewe. Kadiri ninavyozitazama filamu zake ndivyo ninavyoamini kwamba tangu mwanzo alikuwa na kazi moja, nayo ni ya sikio, na kwamba mkono uliokata picha uliongozwa na sikio hilo.

Alizaliwa New York mwaka 1943, mtoto wa mchoraji Walter Tandy Murch. Katika miaka ya 1950, vinasa sauti vya kanda vilipoanza kuingia majumbani, kijana huyu alivutwa navyo kuliko vitu vingine vyote: alirekodi sauti za vitu vya kawaida, akazikata kanda kwa wembe, akaziunganisha upya, akazipiga kinyumenyume. Siku moja alisikia redioni muziki wa Wafaransa Pierre Schaeffer na Pierre Henry, waliokuwa wakitunga kwa kutumia sauti za mitaani, za treni na za milango badala ya ala, akagundua kwamba mchezo wake wa chumbani ulikuwa sanaa inayofanywa na watu wazima. Nalitaja hili kwa sababu linaeleza mengi yaliyofuata. Kabla hajaigusa filamu yoyote, alikuwa ameshajua kwamba wakati unaweza kukatwa kwa wembe na kuungwa kwa gundi, na kwamba kipande kikihamishwa kutoka mahali pake hupata maana mpya. Wahariri wengi huanza na picha na kuijua sauti baadaye. Yeye alianza upande wa pili.

Alisoma katika Chuo Kikuu cha Johns Hopkins, kisha akaenda Los Angeles katika shule ya filamu ya Chuo Kikuu cha Southern California katikati ya miaka ya 1960, na huko akakutana na George Lucas. Mwaka 1969 mwongozaji Francis Ford Coppola alipoihamishia shughuli yake San Francisco na kuanzisha kampuni ya American Zoetrope, vijana hao walimfuata. Kuhama huko kulikuwa na uzito kuliko kunavyoonekana. Hollywood ilikuwa na vyama vya wafanyakazi vyenye mipaka mikali: mhariri wa picha hagusi mitambo ya kuchanganya sauti, na mchanganya sauti hashiki mkasi. San Francisco mipaka hiyo ilikuwa laini zaidi, kwa hiyo mtu aliyeanza na sauti angeweza kuifuata hadi hatua ya mwisho, yaani kuirekodi, kuipanga na kuichanganya yeye mwenyewe. Ndiyo maana katika filamu zake za mwanzo, The Rain People ya mwaka 1969 na THX 1138 ya mwaka 1971, jina la cheo chake ni la kubuni, la kuzungumzia montaji ya sauti, yaani uunganishaji wa vipande vya sauti, badala ya vyeo vilivyozoeleka. THX 1138 aliiandika pamoja na Lucas.

Katika filamu hiyo ya THX kuna askari roboti wanaotembea kwa viatu vizito, na kutokana na viatu hivyo Murch aliibua kanuni ambayo ninaitumia karibu kila wiki. Alibaini kwamba akiwa na roboti mmoja kwenye picha ilimbidi kila kishindo kiangukie pale pale mguu unapogusa sakafu, na wakiwa wawili pia ilimlazimu afanye hivyo kwa kila mmoja. Walipofika watatu, sharti lilitoweka: aliweka vishindo vyovyote, na hakuna mtazamaji aliyelalamika. Akili ya mwanadamu, alieleza baadaye, inaweza kufuatilia mtu mmoja, hata wawili, lakini kuanzia watatu inaacha kuhesabu na inaona kundi. Mpaka huo aliuita mbili na nusu. Anayehariri tukio la sokoni au la harusi, ambamo watu kumi wanazungumza kwa mpigo, atafahamu mara moja thamani ya ugunduzi huu: kazi ya kulinganisha midomo yote kumi na sauti zake ni kazi bure, na muda huo ungetumika vizuri zaidi kuchagua ni watu gani wawili ambao mtazamaji anapaswa kuwafuata.

Mwaka 1972 ikatoka The Godfather, filamu ya Coppola, Murch akiwa mtu wake wa sauti. Katika tukio la mgahawa, Michael, anayeigizwa na Al Pacino, anarudi mezani akiwa na bastola aliyoichukua msalani, anakaa, na yule mfanyabiashara wa dawa za kulevya anaanza kuzungumza naye kwa Kiitaliano bila tafsiri yoyote chini ya picha. Hakuna muziki. Kinachosikika ni mngurumo wa treni ya juu inayopita karibu na jengo, ukiongezeka hadi magurudumu yanalia kwenye kona kwa ukali usioendana kabisa na utulivu wa meza ile. Treni yenyewe haionekani hata mara moja. Mtazamaji wa kawaida hajiulizi treni imetoka wapi, kwa sababu mtaa ule wa Bronx unajulikana kuwa na reli za juu, lakini mwili wake unasikia kwamba kuna kitu kinakatika ndani ya kichwa cha kijana huyu. Muziki unaruhusiwa kuingia baada tu ya risasi kulia na bastola kudondoka sakafuni. Nimewahi kuwaonyesha tukio hili vijana wanaojifunza kazi kwetu, kwanza bila sauti kisha na sauti, na sikulazimika kuongeza maelezo. Sisi tumezoea kuweka muziki wa huzuni mtu anapolia na muziki wa hofu mtu anapofungua mlango, hata mtazamaji anajua atakachokiona kabla hajakiona. Hapa mwongozaji na mtu wake wa sauti waliuondoa muziki mahali ambapo kila mtu angeuweka.

Mwaka uliofuata, kwa ajili ya American Graffiti ya Lucas, filamu ambayo karibu yote inatiririka na nyimbo za redio, hakuridhika na sauti safi ya studio. Walizicheza nyimbo hizo nje kwa spika na kuzirekodi upya, huku mmoja akiizungusha spika na mwingine akikizungusha kinasa sauti, ili muziki uje na kuondoka kama unavyofanya unapotoka kwenye gari linalopita mtaani. Husimuliwa pia kwamba wakati wa kuichanganya filamu hiyo Murch aliomba rili ya pili ya kanda ya pili ya mazungumzo, kwa ufupisho wa Kiingereza R2-D2, na Lucas akalipenda jina hilo kiasi cha kumpa roboti wa filamu yake ya baadaye, Star Wars. Hilo ni la kuchekesha tu.

The Conversation ya mwaka 1974 ndiyo ninayoiona kuwa moyo wa safari yake yote, na nitakaa hapo kidogo. Ni filamu kuhusu Harry Caul, mtaalamu wa kunasa mazungumzo ya watu kwa siri, anayeigizwa na Gene Hackman. Inaanza katika bustani ya Union Square, San Francisco, adhuhuri, ambapo kijana wa kiume na wa kike wanazunguka katikati ya umati huku vipaza sauti vya Harry vikiwawinda kutoka pande kadhaa. Filamu inayobaki ni ya mtu anayerudi chumbani kwake na kuisikiliza kanda ile tena na tena, akisafisha kelele moja baada ya nyingine, hadi inajitokeza sentensi moja ambayo kijana anasema kwamba mtu fulani angewaua kama angepata nafasi. Kwa maneno mengine ni filamu kuhusu kazi ya Murch mwenyewe, na Coppola alimkabidhi aihariri pamoja na Richard Chew, ikiwa ndiyo filamu yake ya kwanza ndefu kukata upande wa picha huku akiwajibika pia kwa sauti.

Ugumu ulikuwa kwamba Coppola aliondoka kwenda kuitengeneza The Godfather Part II, na sehemu ya muswada wa The Conversation haikuwahi kupigwa picha. Murch aliachwa na vipande na jukumu la kuvipa umbo. Tukio moja la bustanini lenye ukungu, lililopigwa kama jambo linalotokea kweli, lilikosa sehemu zake za kukamilika, wakaligeuza kuwa ndoto ya Harry. Nadhani kila mhariri amewahi kufanya kitu cha aina hiyo, cha kuokoa kazi iliyopungukiwa, lakini ni wachache ambao wangeacha pengo lionekane kama lilikusudiwa tangu siku ya kuandikwa.

Kisha kuna ile sentensi. Kutwa nzima ya filamu Harry anaisikia mkazo ukiwa kwenye kuua, na hivyo anaamini kwamba wale vijana wawili wako hatarini. Wakati wa kurekodi upya mazungumzo hayo mahali tulivu, mwigizaji Frederic Forrest aliitamka mara moja kwa namna tofauti, akiuhamishia mkazo kwao wenyewe, kana kwamba anasema kuwa kwa kuwa mtu huyo angewaua wao, basi nao wana haki ya kumtangulia. Murch aliiweka kando kama kosa. Miezi mingi baadaye, filamu ilipokuwa ikikaribia kwisha na watazamaji wa majaribio wakishindwa kuelewa nani amemuua nani, alilikumbuka kosa lile akaliweka karibu na mwisho, Harry anapotambua kwamba aliwaelewa vibaya. Maneno ni yale yale, sauti ni ya mtu yule yule, na maana imepinduka. Mhariri wa picha peke yake asingefikiri kulitafuta suluhisho hapo. Angeomba tukio jipya lipigwe picha. Mhariri wa sauti peke yake asingekuwa na mamlaka ya kuibadili hadithi. Ilihitajika mtu mmoja mwenye funguo za vyumba vyote viwili. Filamu ilipata tuzo kuu ya tamasha la Cannes mwaka huo, na nchini Uingereza Murch alipewa tuzo za BAFTA kwa uhariri na kwa sauti pia.

Katika chumba hicho hicho cha uhariri aliona jambo lingine. Kila alipochagua fremu, yaani ile picha moja moja ya mkanda, ya kukatia picha ya Gene Hackman, mwigizaji alikuwa anapepesa macho karibu kabisa na fremu hiyo. Mwanzoni aliona ni bahati tu. Baadaye alisoma mahojiano ya mwongozaji John Huston, aliyedai kwamba filamu hufanana na fikra kuliko sanaa nyingine yoyote, na kwamba tunapogeuza kichwa kutoka kitu kimoja kwenda kingine tunapepesa, yaani tunakata. Murch alilikuza wazo hilo: binadamu hapepesi ili kulowesha jicho tu, bali hupepesa anapomaliza wazo moja na kuanza jingine, na mwigizaji mzuri aliyezama katika uhusika hupepesa pale mhusika anapobadili fikra. Hapo ndipo mkato unapokaa bila kumuumiza mtazamaji. Wazo hilo lilikuwa kiini cha mhadhara alioutoa Sydney mwaka 1988, ambao ulipanuliwa na kuwa kitabu kidogo, In the Blink of an Eye, kinachosomwa karibu katika kila shule ya filamu. Sina hakika kwamba nadharia hii ina nguvu kwa kila uso. Nimehariri mahojiano na wazee wanaopepesa kwa sababu ya taa kali au vumbi, na fikra zao zikaendelea bila kukatika. Lakini kama zoezi la kumtazama mtu badala ya kuitazama skrini, sijaona bora zaidi.

Uhariri wa Julia ya Fred Zinnemann, mwaka 1977, ulimpa uteuzi wake wa kwanza wa Oscar upande wa picha. Mwaka huo huo akaingia kwenye Apocalypse Now, filamu ya Coppola kuhusu vita vya Vietnam iliyopigwa picha nchini Ufilipino. Ukubwa wa kazi hiyo unaelezwa vizuri na takwimu alizozitoa mwenyewe: zaidi ya futi 1,250,000 za filamu, ambazo ni zaidi ya saa 230 za picha, zilipaswa kuwa filamu ya saa 2 na dakika 25, na hivyo kwa kila dakika moja iliyobaki zilitupwa dakika zaidi ya 90. Wahariri walikuwa kadhaa, wakiongozwa na Richard Marks, na Murch alipogawanya idadi ya mikato iliyomo kwenye filamu kwa idadi ya wahariri na siku walizofanya kazi, alipata mikato 1.47 kwa mhariri kwa siku. Ninapenda kuwatajia namba hiyo wateja wanaotaka tamthilia ya dakika 40 kesho asubuhi. Sehemu kubwa ya muda, alieleza, haitumiki kukata. Hutumika kutafuta njia, kujaribu njia zisizofaa na kuzifuta.

Alitumia takriban mwaka mzima kwenye picha na kisha mwaka mwingine kwenye sauti. Coppola alitaka sauti imzunguke mtazamaji, nao wakajenga mfumo wa chaneli sita kwa nakala za milimita 70: tatu mbele, mbili nyuma, kushoto na kulia, na moja ya mitetemo ya chini. Mpangilio huo, ambao leo uko katika kumbi nyingi za sinema na hata sebuleni, ulianza pale kwa haja ya kuifanya helikopta izunguke ukumbi. Ufunguzi wa filamu unaonyesha alivyofikiri: msitu unawaka moto kimya kimya, mlio wa helikopta unapita kama mzimu, umetengenezwa kwa sintesaiza na hauna injini ndani yake, kisha tunaona feni ya dari katika chumba cha hoteli huko Saigon, na mapanga ya feni yanachukua mdundo ule ule. Hakuna anayetuambia kwamba askari huyu yuko chumbani kwa mwili na vitani kwa akili.

Somo la pili la kiufundi linatoka katika tukio la helikopta kushambulia kijiji huku muziki wa Wagner ukipigwa. Murch alikuwa ameandaa mazungumzo, helikopta, muziki, risasi ndogo, milipuko, na sauti nyingine za watu na ardhi, kila kundi likiwa limechanganywa vizuri peke yake. Alipoyafungua yote kwa pamoja alipata kelele tupu isiyo na nguvu. Akagundua kwamba sikio linaweza kubeba takriban matabaka matano kwa mara moja, tena yakiwa yametawanyika kati ya yale yanayoeleweka kwa maana, kama maneno, na yale yanayopokelewa kwa mwili, kama muziki. Kwa hiyo ilimbidi aamue sekunde kwa sekunde ni kipi kinazimwa: muziki ukipanda, risasi zinapotea, ingawa kwenye picha bunduki zinaendelea kufyatua, na mtazamaji hatambui upungufu. Kwa sauti ya filamu hiyo yeye na wenzake walipewa Oscar, na kwa picha waliteuliwa.

Naipita haraka Return to Oz ya mwaka 1985, filamu pekee ndefu aliyoiongoza. Studio ilimwondoa kazini baada ya muda mfupi wa kupiga picha, ikamrudisha baada ya Lucas na waongozaji wengine wakubwa kumtetea, na filamu ilipotoka haikupata watazamaji wa kutosha. Hakuongoza tena filamu ndefu. Wapo wanaolitaja jambo hili kama doa. Mimi naliona kama mpaka wa uwezo wake, maana kusimamia mamia ya watu, fedha na hali ya hewa hakuhitaji sikio lile. Alirudi chumbani, na mwaka 1990 pekee alihariri Ghost na kushiriki kuhariri The Godfather Part III, akateuliwa kwa zote mbili.

Upana mwingine ambao wahariri wenzangu hupenda kuujadili ni wa mitambo. Julia aliikata kwa Moviola, mashine ya kusimama ambayo filamu hupita kwa kelele kama ya cherehani. Apocalypse Now na filamu zake za mwaka 1990 kwa meza ya Kijerumani ya KEM. The English Patient ya Anthony Minghella, mwaka 1996, aliianza kwa filamu halisi, kisha sababu za kifamilia zikamlazimu aihamishie kazi nyumbani kwake na kwenye kompyuta yenye mfumo wa Avid, katikati ya safari, jambo ambalo wengi wetu tusingethubutu. Ikawa filamu ya kwanza iliyohaririwa kwa kompyuta kushinda Oscar ya uhariri, na usiku huo huo wa Machi 1997 akachukua pia Oscar ya sauti. Cold Mountain ya mwaka 2003, ya Minghella tena, aliihariri kwa Final Cut Pro, programu iliyouzwa kwa chini ya dola 1,000 za Marekani na ambayo wakubwa wa Hollywood waliiona kama kifaa cha watu wa harusi na wanafunzi. Aliteuliwa kwa kazi zilizofanywa kwenye mifumo yote hiyo minne. Uchaguzi huo wa mwisho ulibadili mengi kwa watu wa mbali na Hollywood, kwa sababu kuanzia hapo tofauti kati ya chumba chake na chumba cha mhariri wa Kariakoo haikuweza tena kuelezwa kwa bei ya programu.

Kilichobaki bila kubadilika ni tabia zake za kazi. Huhariri akiwa amesimama, akisema kwamba daktari wa upasuaji, mpishi na kiongozi wa okestra nao husimama. Hubandika ukutani picha za mnato kutoka kila kipande kilichopigwa, ili jicho likutane na nyuso ambazo daftari lingezificha. Huweka kando ya skrini vikaragosi viwili vidogo vya karatasi, mwanamume na mwanamke, vimkumbushe ukubwa wa skrini ya ukumbi. Na anapotafuta mwisho wa kipande, hukicheza kwa mwendo wake wa kawaida na kubonyeza pale anapohisi kimetosha, kisha hurudia bila kuangalia alama ya kwanza. Akisimama mara zote mbili kwenye fremu ile ile, kati ya fremu 24 za kila sekunde, anajua kwamba amepata mdundo wa kweli. Akitofautiana, anajua kwamba bado hajaelewa tukio. Hii ni mbinu ya mpiga ngoma. Nimeijaribu na inachosha, kwa sababu inamwonyesha mtu waziwazi ni mara ngapi anakata kwa kubahatisha.

Katika kitabu chake aliyapanga mambo ambayo mkato mzuri hutimiza na kuyapa asilimia, nusu kwa utani: hisia 51, hadithi 23, mdundo 10, kisha jicho la mtazamaji liko wapi kwenye skrini, na mwisho kanuni za kijiometri za nafasi, ambazo ndizo zinazofundishwa kwanza darasani na ambazo yeye amezipa kiasi kidogo kabisa. Hisia imepewa 51 makusudi, ili peke yake iyashinde mengine yote yakijumlishwa.

Mwaka 1998 alipewa kazi ya kuihariri upya Touch of Evil ya Orson Welles. Studio ya Universal ilikuwa imeikata filamu hiyo bila ridhaa ya mwongozaji, na Welles alipoiona aliandika waraka wa kurasa 58 akieleza kwa upole na kwa undani kila badiliko alilolitaka. Filamu ilitoka mwaka 1958 bila mengi ya hayo kuzingatiwa, na Welles alifariki mwaka 1985. Murch aliufuata waraka kama fundi anayemtumikia bwana asiyekuwepo. Badiliko linalojulikana zaidi liko mwanzoni, katika ile picha ndefu isiyokatwa inayofuata gari lenye bomu mpakani mwa Mexico: majina yaliyoandikwa juu ya picha yaliondolewa, muziki wa Henry Mancini ukaondolewa pia, na badala yake zikaingia redio ya gari na muziki wa baa moja baada ya nyingine tunavyozipita. Welles naye, aliyetoka kwenye tamthilia za redio, alikuwa ameliomba hilo. Sauti ndiyo inayomwambia mtazamaji gari liko wapi hata likiwa nje ya picha.

Katika umri ambao wengi wamestaafu aligeukia makala za kweli. Particle Fever ya mwaka 2013 inawafuata wanafizikia wa maabara ya CERN, Ulaya, hadi kupatikana kwa chembe ya Higgs mwaka 2012, somo ambalo kwa macho halina kitu cha kuonyesha. Coup 53 ya mwaka 2019, iliyoongozwa na Taghi Amirani, inahusu kupinduliwa kwa Waziri Mkuu Mosaddegh wa Iran mwaka 1953 kwa mkono wa Marekani na Uingereza, na Murch ameorodheshwa humo kama mwandishi mwenza pia. Ofisa mmoja wa ujasusi wa Uingereza aliyehusika, Norman Darbyshire, alikuwa ameshafariki, na kilichokuwepo ni maandishi ya mahojiano aliyoyatoa miaka ya 1980. Wakamweka Ralph Fiennes ayatamke mbele ya kamera, naye Murch akamhariri mwigizaji ambaye pumzi zake alizizoea tangu The English Patient.

Anayetaka kuanza kumfuatilia aanze na The Conversation, kwa spika za masikioni, na asiangalie simu yake katika dakika kumi za kwanza, kwa sababu sentensi ya Forrest inapita mapema na inapita haraka.